Ikulu, Boma na Baraza
(Hotuba iliyosomwa mbele ya wanachama wetu mjini Tabora)



Tumeombwa kusema juu ya majengo na utawala. Pengine wako wanaostaajabu, maana kazi yetu sisi ni kalamu na majalada, wala si matofali na chokaa. Lakini hakuna karani asiyefanya kazi ndani ya nyumba, wala hakuna raia ajaye kwetu asiyepita mlangoni. Mlango ule uliwekwa na mtu. Na benchi lililoko nje, au lisilokuwako, ni shauri la mtu. Twataka kuonyesha, kwa habari za mji huu wa Tabora na njia ya zamani ya misafara, kwamba magomvi mengi kati ya watawala na watawaliwa yameanzia hapo: nani aruhusiwe kuingia, nani asimame nje, na nani asikilizwe.

Lugha yetu yenyewe ni shahidi. Tuna maneno matatu ambayo ni majina ya mahali na tena ni majina ya mamlaka. La kwanza ni ikulu. Kwa Wanyamwezi na Wasukuma ikulu ni makao ya mtemi, na karibu na mji huu pana Kwikuru, palipokaa watemi wa Unyanyembe. Neno hilo lilitoka huku bara likashuka hata pwani, likawa jina la nyumba ya mkuu wa nchi. La pili ni boma. Boma ni ua au ukuta wa kuzuia wanyama na adui. Lakini mtu akisema, "Nimeitwa bomani," kila mtu ajua kwamba ameitwa na Serikali. La tatu ni baraza. Hilo ni kile kikalio cha mawe au cha udongo kilichojengwa mbele ya nyumba, nje ya mlango, ambapo mwenye nyumba huketi na jirani na mgeni. Nalo limekuwa jina la Baraza la Mawaziri, la Baraza la Madiwani, na la mabaraza ya ardhi ambayo wengi wetu twayaandikia kumbukumbu.

Basi tuanze na mambo ya kale. Vijiji vya Unyamwezi katika karne ya 19 aghalabu vilizungushiwa ua wa miti au wa minyaa, kwa sababu ya vita. Lakini wasafiri waliopita huku waliandika kwamba ndani ya ua huo palikuwa na nyumba ya watu wote, iitwayo iwanza: wanaume walikuwa na yao, na wanawake yao. Humo watu walizungumza na kupumzika. Tafadhali mlitie hili moyoni, maana ni jambo kubwa: kijiji kilichojifungia kwa hofu ya adui hakikuacha kutenga mahali ambapo mtu yeyote wa kijiji aliweza kuketi bila ya kuomba ruhusa ya mkubwa.

Halafu ikaja tembe. Burton na Speke walipofika Kaze, ndiyo Tabora hii, mwezi wa Novemba 1857, walikuta wafanyabiashara Waarabu na Waswahili wamekwisha kukaa. Msafara kutoka pwani ulitumia miezi mitatu hivi, au zaidi, kufika hapa, na mali yao ilikuwa nyingi: nguo, shanga na nyaya zilizopanda, na pembe za ndovu zilizoshuka. Kwa hiyo walihitaji nyumba ya kuhifadhi mali. Tembe ina kuta nene za udongo, na dari yake ni bapa, imefunikwa kwa udongo vilevile. Vyumba vyote vyazunguka ua wa ndani, na mlango mkubwa ni mmoja. Atakaye kuona mfano wake na aende Kwihara, ambako nyumba aliyokaa Livingstone mwaka 1872 imejengwa upya na kuhifadhiwa.

Nyumba ya namna hiyo ni njema kwa aliye ndani, naye ana ufunguo. Lakini katika ua uleule uliotunza pembe na nguo walilindwa watumwa, wakingoja siku ya safari. Ukuta haukubadilika, mtu mmoja ulimpa usalama, na mwingine ulimnyima uhuru. Wahenga walisema, "Nyumba njema si mlango, fungua uingie ndani." Nasi twaweza kuongeza: ukiisha kuingia, tazama ufunguo uko mkononi mwa nani.

Tena tembe zilileta swali la utawala. Waliokaa ndani ya kuta zile walikuwa wageni wa mtemi, wakala chakula cha nchi yake na kuwaajiri watu wake kuwa wapagazi. Lakini ndani ya kuta zao walijiona kuwa hawana mkubwa. Mtemi Mnywa Sere alipotaka bidhaa zao zitozwe ushuru, walipigana naye, wakamwondoa ikuluni kwake, na Mkasiwa akatawazwa mahali pake. Hayo yalikuwa karibu na mwaka 1860. Mnywa Sere aliendelea na vita vya kuvizia njiani mpaka akauawa mwaka 1865. Baada yake akaondokea Mirambo wa Urambo, aliyeifunga njia ya Ujiji. Mwezi wa Agosti 1871 watu wake waliingia Tabora, na sehemu ya mji ikachomwa moto. Stanley, aliyekuwa Kwihara wakati huo, alijitayarisha kuzingirwa: kuta za tembe zikatobolewa matundu ya bunduki. Twaona basi jinsi nyumba ya biashara ilivyogeuka kuwa ngome katika muda wa siku chache. Haikuhitaji kujengwa upya, maana tangu mwanzo ilijengwa kwa kumshuku aliye nje.

Mtemi Isike wa Unyanyembe aliyafahamu hayo, akajijengea ngome imara. Wajerumani walipoishambulia mwaka 1892 walishindwa. Wakarudi mwezi wa Januari 1893 chini ya Tom von Prince, wakaivunja; na Isike, alipoona hakuna njia, aliwasha baruti iliyokuwa ghalani, asikamatwe hai. Baada ya hapo boma la Wajerumani likajengwa juu ya kilima. Walichagua kilima kwa sababu ya vita, bila shaka. Lakini hata vita vilipokwisha, boma lilibaki kilimani. Mtu aliyekuwa na shauri lake alipanda kwenda kulisema, na aliyekaa juu alimwona tangu mbali kabla yeye hajamwona. Hapo ndipo neno boma lilipoanza kubeba maana tuliyoirithi: mahali ambapo raia haendi mpaka ameitwa.

Wabelgiji waliuteka mji huu mwezi wa Septemba 1916, kisha wakaja Waingereza. Katika zama zao twaona jambo jingine, ambalo halikuwa na haja ya ukuta wala mzinga. Huko Dar es Salaam kanuni za ujenzi ziligawanya mji katika kanda tatu. Ya kwanza ilikuwa ya nyumba za makao za namna ya Kizungu. Ya pili ya maduka na makao pamoja. Ya tatu ya nyumba za namna ya Kiafrika. Kanuni hazikutaja rangi ya mtu. Zilitaja paa, kuta na nafasi kati ya nyumba na nyumba. Lakini kila mtu alijua matokeo yake, na wenyeji wakaziita sehemu hizo kwa majina ya wazi: Uzunguni, Uhindini, Uswahilini. Kati ya Uhindini na Kariakoo pakaachwa uwanja mtupu, ndio Mnazi Mmoja, ili pande mbili zisigusane. Sababu iliyotolewa ilikuwa afya. Sisi tulio makarani yatupasa kulitafakari jambo hili kuliko wengine, maana ni kazi ya kalamu tupu. Mtu anaweza kuandika kanuni juu ya mabati na makuti, nayo ikawatenga wanadamu kuliko ukuta wa tembe.

Na lililokaa muda mrefu katika mitaa huhamia katika sheria za siasa. Uchaguzi wa kwanza wa Baraza la Kutunga Sheria katika Tanganyika, wa miaka 1958 na 1959, ulifanywa kwa kanda tatu vilevile, ila safari hii zilikuwa katika karatasi. Kila mpiga kura alitakiwa kuchagua watu watatu: Mwafrika mmoja, Mzungu mmoja na Mwasia mmoja. Chama cha TANU kilikutana hapa Tabora mwezi wa Januari 1958 kushauriana kama kiingie au kisusie. Wengi walikuwa na hasira, nao walikuwa na haki, kwa kuwa mgawanyo ule haukulingana kamwe na hesabu ya watu. Mwishoni Mwalimu Nyerere na wenzake waliwavuta wajumbe, wakakata shauri kuingia. Ndio ule Uamuzi wa Busara. TANU ikashinda, na nchi ikapata uhuru tarehe 9 Desemba 1961. Walikubali kupita katika mlango uliojengwa vibaya ili wapate kuingia na kuujenga upya. Na Mnazi Mmoja, uwanja ulioachwa ili kuwatenga watu, ulikuwa mahali pa mikutano yao ya siasa. Kiwanja hakina dhambi. Hufuata matumizi ya watu.

Hata hivyo tusijidanganye kwamba mambo haya ni ya wageni peke yao. Sehemu hizi za magharibi zimeona watu wakihamishwa mara nyingi kwa nia njema. Katika miaka ya 1920 na 1930 Serikali ya wakati ule iliwakusanya watu wa maporini katika makazi ya pamoja kwa ajili ya ugonjwa wa malale. Malale ni ugonjwa wa kweli, na watu waliokoka. Lakini mashamba ya mababu na makaburi vikabaki porini. Halafu mwezi wa Novemba 1973 ilitangazwa kwamba kuishi vijijini ni lazima kwa wote kabla ya mwisho wa mwaka 1976. Nia ilikuwa shule, maji na zahanati, na vijiji vingi vilivipata. Lakini nyumba zilipangwa kwa safu kama hesabu katika daftari, na watu wengi walihamishwa kwa nguvu. Mzee aliyezoea kujenga karibu na shamba lake alionyeshwa kigingi, akaambiwa, "Nyumba yako hapa." Tatizo halikuwa ule mstari ulionyooka. Tatizo ni kwamba mwenye kukaa hakuulizwa. Na mashauri ya mipaka yaliyozaliwa siku zile yalifika katika meza za maofisi miaka mingi baadaye.

Tena tunao mfano wa Ulyankulu, katika mkoa wetu wenyewe. Wakimbizi waliotoka Burundi mwaka 1972 walipewa ardhi huko, kama wenzao wa Katumba. Walilima, wakajenga shule na makanisa, wakazaa watoto ambao hawakuijua nchi nyingine. Lakini kutoka nje ya makazi kulihitaji kibali cha maandishi. Hapakuwa na ukuta; palikuwa na kipande cha karatasi, na karatasi ile ilikuwa mkononi mwa mtumishi kama sisi. Mwaka 2014 wakimbizi zaidi ya laki moja na nusu wa makazi hayo na ya Mishamo walikabidhiwa vyeti vya uraia wa Tanzania. Hilo ni jambo la heshima kwa nchi yetu. Nalo latufundisha kwamba mpaka usioonekana waweza kuondolewa kwa kalamu kama ulivyowekwa kwa kalamu.

Sasa tufike kwetu. Katiba ya nchi, katika ibara ya 13, yasema kwamba haki za mtu zinapohitaji kuamuliwa na mahakama au chombo kinginecho, atakuwa na haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu. Ni maneno mazuri sana. Lakini kusikilizwa huanza kwa sikio, na sikio lina mahali pake. Twaijua ofisi moja, ambayo hatuna haja ya kuitaja, iliyokuwa na baraza pana mbele yake, lenye kivuli. Baraza lile likazibwa kwa nondo ili kuweka makabati ya majalada. Watu wakahamia chini ya mwembe, hatua thelathini hivi kutoka dirishani. Majina yakaitwa kwa ndani, kama yalivyokuwa yakiitwa siku zote. Mama mmoja mjane, mwenye shauri la shamba la marehemu mumewe, aliketi pale chini ya mwembe tangu asubuhi hata saa tisa, jina lake likaitwa, asisikie. Ikaandikwa kwamba hakuhudhuria. Aliporudi mara ya pili ilimbidi aanze upya, na shemeji zake walikuwa wamekwisha kulima. Hakuna mtu aliyemdhulumu kwa makusudi. Karani aliita, mama alikuwapo, na jalada lilisema kweli kwa kadiri ya lilivyojua. Nondo ndizo zilizosimama kati ya mtu na haki yake.

Watu wengine watajibu kwamba ofisi haiwezi kuwa wazi kama soko: mna fedha, mna siri za watu, mna wezi. Jibu hilo ni la haki. Hata tembe ilimwokoa mtu siku ya vita, na jalada la mgonjwa au la yatima halifai kusomwa barazani. Hatusemi kuta zibomolewe. Twasema kila ukuta uulizwe maswali mawili: Je, unahifadhi kitu gani? Na, aliye upande wa pili ana njia gani ya kusikilizwa? Ukuta usio na jibu la kwanza ni kiburi tu. Usio na jibu la pili hugeuka kuwa ngome, na mwenye ngome, kama tulivyoona kwa habari za 1871, hujikuta akitoboa matundu badala ya kufungua mlango.

Kwa hiyo twaomba chama chetu kizungumze na wakubwa juu ya mambo matatu, ambayo hayahitaji fedha nyingi.

Kwanza, kila ofisi inayopokea watu iwe na mahali pa kuketi penye kivuli, karibu na mlango kiasi cha mtu kusikia jina lake. Pasipokuwa na baraza, basi benchi na paa la bati vinatosha. Na jina liitwe nje, na mtu aliyetoka nje kwa miguu yake, kabla halijaandikwa neno "hakuhudhuria."

Pili, ngazi. Majengo mengi ya zamani yana ngazi ndefu, kwa kuwa waliojenga walitaka mtu apande. Sheria ya Watu Wenye Ulemavu ya mwaka 2010 yataka majengo ya umma yafikike nao. Mteremko wa saruji kando ya ngazi ni kazi ya fundi mmoja kwa siku chache. Mpaka utakapojengwa, yafaa sisi tushuke tumfuate asiyeweza kupanda. Heshima ya kazi yetu haitapungua kwa ngazi tano.

Tatu, ofisi mpya inapochorwa, watu wawili waulizwe kabla ya mchoro kutiwa sahihi: karani atakayekaa dirishani, na raia mmoja wa wale wangojao. Wakubwa wana chumba chao na mlango wao wa nyuma. Ni wawili hawa ndio watakaotazamana miaka thelathini kupitia tundu lile.

Mabibi na mabwana, mwaka 2006 Serikali yetu iliiweka njia ya zamani ya biashara ya watumwa na pembe, kutoka Bagamoyo, kupitia Mpwapwa, Kilimatinde na Kwihara, hata Ujiji, katika orodha ya mahali panapopendekezwa kuwa Urithi wa Dunia. Na mwezi wa Mei 2023 Ikulu mpya ya Chamwino ilizinduliwa huko Ugogo, kwa hiyo neno lililoshuka pwani limepanda tena bara. Wageni watakuja kutazama tembe na maembe ya njia ile, na ni vyema waje. Lakini ikulu na boma zina watu wengi wa kuzitunza. Baraza halina mtunzaji ila yule aliye karibu nalo, ndiye sisi tulio dirishani. Tukiliacha lizibwe, hakuna atakayeona siku lilipozibwa. Wataona tu kwamba watu wamezidi kugombana, na watasema wananchi wa siku hizi ni wakali.

 Aliye na swali au pingamizi na asimame, nasi tutajibu kwa kadiri tuwezavyo. Na azimio juu ya yale mambo matatu twaliweka mikononi mwa Bwana Mwenyekiti, lipigiwe kura kabla hatujaagana.